Rufaa Zilizochelewa katika Mashauri ya Hundi Zilizodunda: Mtazamo kutoka Masasi na Newala

Hundi ni amri ya maandishi ambayo mwenye akaunti huiandikia benki yake akiitaka imlipe mtu aliyetajwa, au yeyote atakayeileta, kiasi fulani cha fedha pindi hundi hiyo inapowasilishwa. Na benki inapokataa kulipa kwa kuwa akaunti haina fedha za kutosha, imefungwa, au mwenyewe ameagiza malipo yasitishwe, hundi hiyo husemwa kuwa imedunda. Mashauri yanayotokana na hundi za namna hiyo kwa kawaida hayana ugumu mkubwa wa ushahidi, kwa sababu karatasi yenyewe imebeba saini, tarehe, kiasi na alama ya benki iliyoikataa. Kinachoweza kuyafanya yadumu kwa miaka ni kile kinachofuata baada ya hukumu, yaani rufaa, na hasa rufaa inayoletwa wakati muda wake umekwisha kupita. Mhadhara huu unaeleza namna mahakama za Tanzania zinavyozipokea na kuzikataa rufaa hizo, kwa kuzingatia hali ya wilaya za Masasi na Newala mkoani Mtwara, na unatetea hoja kwamba katika kila ombi la kuongezewa muda swali la kwanza linapaswa kuwa siku zilizopotea zilikuwa mikononi mwa nani, na swali la idadi ya siku lifuate nyuma yake.

Newala imekaa ukingoni mwa uwanda wa juu wa Wamakonde, ikitazama bonde la Mto Ruvuma, ilhali Masasi iko magharibi yake, chini ya mteremko, katikati ya vilima vya mawe vinavyoonekana kutoka mbali. Uchumi wa pande zote mbili unasimama juu ya korosho, na korosho ina msimu. Tangu mwaka 2007 zao hilo huuzwa kwa mfumo wa stakabadhi ghalani, ambapo mkulima hupeleka korosho zake kwenye chama cha msingi cha ushirika, chama huzipeleka ghala kuu, na kisha huuzwa mnadani kupitia vyama vikuu, TANECU kwa upande wa Newala na Tandahimba na MAMCU kwa upande wa Masasi na wilaya jirani. Minada huanza kwa kawaida mwezi Oktoba, kwa hiyo fedha huingia katika miezi michache ya mwisho wa mwaka, wakati matumizi ya ada, ujenzi, usafirishaji na matibabu hayangoji msimu. Pengo hilo huzibwa na mkopo wa dukani, na kwa wafanyabiashara wenye akaunti za benki huzibwa pia na hundi ya tarehe ya mbele, yaani hundi inayoandikwa leo lakini ikabebeshwa tarehe ambayo mwandishi wake anatarajia atakuwa amekwisha kupata fedha.

Mfano mmoja wa kubuni unatosha kuonyesha jinsi mambo yanavyokwenda. Mjenzi wa Newala anachukua bati na saruji mwezi Julai kutoka duka la vifaa vya ujenzi mjini Masasi na kuacha hundi yenye tarehe ya mwisho wa Novemba, kwa sababu wateja wake wameahidi kumlipa baada ya mnada. Mnada ukikwama, ahadi zote zilizofungamanishwa nao hukwama. Ndivyo ilivyokuwa katika msimu wa 2018, ambapo wanunuzi na wakulima walishindwa kuafikiana bei, Serikali ikaamua mwezi Novemba kununua korosho zote kwa shilingi 3,300 kwa kilo na kulikabidhi Jeshi la Wananchi kazi ya kuzisomba, na malipo yakafuata uhakiki wa wakulima ambao kwa wengi uliendelea hadi mwaka uliofuata. Mtu ambaye hundi yake ilidunda katika mazingira hayo si lazima awe tapeli, na mtu aliyeipokea hundi hiyo si lazima awe na uwezo wa kusubiri. Sheria inapaswa kuwaona wote wawili, na kuwaona wakati uleule.

Mwenye hundi isiyolipwa ana njia mbili. Ya kwanza ni ya madai, ambapo hundi huchukuliwa kama hati ya deni chini ya sheria ya hati za malipo, Sura ya 215. Deni la mkataba lisilozidi shilingi milioni 30 linaweza kudaiwa katika Mahakama ya Mwanzo, na lililo kubwa zaidi huenda Mahakama ya Wilaya au juu yake. Katika mahakama hizo za juu kuna utaratibu wa muhtasari, uliowekwa na Amri ya 35 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, unaomtaka mdaiwa wa hundi aombe kwanza ruhusa ya kujitetea, na asipoomba ndani ya siku alizopewa katika hati ya wito, mdai hupewa hukumu bila kusikiliza mashahidi. Njia ya pili ni ya jinai. Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, inaadhibu kwa kifungo kinachoweza kufikia miaka saba kosa la kujipatia mali kwa udanganyifu, na ina pia kosa la kutoa hundi ya uongo. Lakini udanganyifu katika kosa lile la kwanza maana yake ni maelezo ya uongo kuhusu jambo lililokwisha kuwapo au lililopo, wala si ahadi ya kesho iliyovunjika, na hundi ya tarehe ya mbele inafanana sana na ahadi ya kesho. Kenya imelimaliza suala hilo kwa maandishi, kwani kifungu cha 316A cha Kanuni yake ya Adhabu, kinachomwadhibu mtu anayetoa hundi juu ya akaunti isiyo na fedha za kutosha, hakimgusi kwa sababu hiyo mtu aliyetoa hundi ya tarehe ya mbele.

Pamoja na hayo, mkopeshaji mwenye hasira huenda polisi kabla ya kwenda mahakamani kudai, kwa kuwa hofu ya mahabusu hulipisha haraka kuliko hati ya wito. Jambo hili lina athari ambayo hujitokeza baadaye sana, wakati wa rufaa, kwa sababu kila njia ina kalenda yake. Shauri lililoanzia Mahakama ya Mwanzo, liwe la madai au la jinai, hukatiwa rufaa Mahakama ya Wilaya ndani ya siku 30, na kutoka hapo kwenda Mahakama Kuu ndani ya siku 30 nyingine. Shauri la madai lililoanzia Mahakama ya Wilaya hukatiwa rufaa Mahakama Kuu ndani ya siku 90 kwa mujibu wa Sheria ya Ukomo wa Muda, Sura ya 89. Shauri la jinai lililoanzia hapohapo lina hatua mbili: aliyetiwa hatiani anatakiwa kutoa taarifa ya kusudio la kukata rufaa ndani ya siku 10, kisha alete hati yenyewe ya rufaa ndani ya siku 45. Anayekwenda Mahakama ya Rufani anatakiwa kutoa taarifa yake ndani ya siku 30. Hundi ileile moja, kwa kiasi kilekile, inaweza kumpa mtu siku 10, 30 au 90 kutegemea mlango ambao aliyemshitaki alichagua kuupitia, na ni haki kusema kwamba wafanyabiashara wengi hawajui kuwa milango hiyo inatofautiana.

Sehemu ngumu zaidi ni ya nakala. Katika mashauri yaliyoanzia Mahakama ya Wilaya, muda ambao mrufani, yaani mtu anayekata rufaa, aliutumia kusubiri nakala ya hukumu na ya mwenendo wa shauri hutolewa katika hesabu, kwa kuwa haiwezekani kumdai rufaa mtu ambaye mahakama yenyewe haijampa karatasi ya kuikatia. Katika madai yaliyoanzia Mahakama ya Mwanzo hali ni tofauti. Kanuni za rufaa hizo, zilizotangazwa mwaka 1964, hazimtaki mrufani aambatanishe nakala ya hukumu, na kwa sababu hiyo imeamuliwa mara kadhaa kwamba anayesubiri nakala anasubiri kitu ambacho sheria haikumwagiza akisubiri, na siku zake zinaendelea kuhesabiwa. Kwa mantiki ya maandishi uamuzi huo hauna kasoro. Kwa mwenye duka wa Kitangali, wilayani Newala, ambaye alisikia hukumu ikisomwa mara moja kwa haraka, akaambiwa na karani arudi wiki ijayo kuchukua nakala, kisha wiki nyingine, matokeo yake ni makali kupita kiasi, kwani anatakiwa kuandika sababu za kuipinga hukumu ambayo hajaiona kwa macho, na akingoja kuiona anaambiwa amechelewa kwa uzembe wake. Uanazuoni wa sheria ungefanya jambo jema kama ungeacha kuisifu kanuni hiyo kwa usahili wake na kuuliza ni nani hasa aliyekusudiwa kunufaika na usahili huo.

Aliyechelewa hana haki ya moja kwa moja ya kuongezewa muda. Anapeleka maombi, yakiambatana na kiapo cha maandishi kinachoeleza sababu, na mahakama ina hiari ya kuyakubali au kuyakataa ikiwa imeridhika kwamba ipo sababu ya msingi. Hiari maana yake ni uamuzi unaoachiwa busara ya jaji, lakini busara hiyo imewekewa vigezo. Vigezo vinavyotajwa zaidi vilitolewa na Mahakama ya Rufani katika maombi ya madai namba 2 ya mwaka 2010, kati ya Kampuni ya Ujenzi ya Lyamuya na Bodi ya Wadhamini ya chama cha wanawake vijana wa Kikristo. Mwombaji anatakiwa kutoa hesabu ya kipindi chote cha ucheleweshaji. Ucheleweshaji usiwe wa kupindukia. Mwombaji awe ameonyesha bidii na si uzembe au kutojali. Na mahakama inaweza pia kuangalia sababu nyingine zenye uzito, kama vile hoja ya kisheria kwamba uamuzi unaopingwa una ubatili. Kabla ya hapo, katika maombi namba 3 ya mwaka 2007, Mahakama hiyohiyo ilikuwa imesema kwamba hata siku moja ya kuchelewa lazima ielezwe, kwa sababu vinginevyo kuweka ukomo wa muda hakungekuwa na maana.

Sharti la kueleza kila siku ni la haki pale siku zilipokuwa mikononi mwa mwombaji. Linapogeuka kuwa dhuluma ni pale siku zilipokuwa mikononi mwa ofisi. Utaratibu wa ushahidi unataka kwamba kiapo kinapomtaja mtu mwingine kama chanzo cha jambo fulani, mtu huyo naye aape. Mwombaji anayesema kuwa karani alimwambia faili limepelekwa Mtwara anatakiwa kuleta kiapo cha karani huyo, na ni vigumu sana kumpata karani atakayeapa dhidi ya ofisi inayomlipa mshahara, mbele ya mahakama ileile anayoitumikia. Mwanasheria mjini ataepuka tatizo hili kwa kuandika barua ya kuomba nakala siku ileile ya hukumu na kugongesha muhuri wa kupokelewa, ili barua iseme badala ya karani. Asiye na mwanasheria huomba kwa mdomo. Mahakama zimeshikilia kwamba kutojua sheria si sababu ya msingi, na kwamba kwa kawaida uzembe wa wakili hauwi udhuru wa mteja wake; misimamo hiyo ina hoja nzito nyuma yake, kwa kuwa kila mtu angeweza kuitumia, lakini haizuii mahakama kuandika katika rejista ya shauri siku ambayo nakala iliombwa na siku ambayo ilikuwa tayari. Rejista hiyo ikitunzwa vizuri, kiapo cha karani hakihitajiki tena, na jaji anaweza kuona mwenyewe ni nani aliyekuwa na siku hizo.

Mlango unaotumiwa zaidi na wadaiwa wenye uwezo ni ule wa ubatili. Katika shauri la Katibu Mkuu wa Wizara ya Ulinzi dhidi ya Devram Valambhia, lililoripotiwa mwaka 1992, Mahakama ya Rufani ilikubali kwamba mtu anapodai kuwa uamuzi anaotaka kuupinga ni batili kisheria, dai hilo linaweza peke yake kuwa sababu ya kumwongezea muda, ili mahakama ya juu ipate nafasi ya kusafisha kumbukumbu. Kanuni hiyo ni ya lazima, kwani ingekuwa ajabu kuacha hukumu iliyotolewa na mahakama isiyo na mamlaka iendelee kutekelezwa kwa sababu tu siku zimepita. Lakini katika mashauri ya hundi, kanuni hiyo hugeuzwa kwa urahisi kuwa njia ya kununua muda, kwa kuwa mdaiwa asiyekana saini yake wala deni lake bado anaweza kudai kwamba hati ya wito haikumfikia sawasawa, kwamba tarehe katika hukumu imekosewa, au kwamba kiasi cha riba hakikuthibitishwa, na kila moja ya hoja hizo ikaandikwa kwa maneno makubwa. Uamuzi wa Lyamuya uliibana kanuni hiyo kwa kusema kwamba ubatili lazima uonekane waziwazi kwenye kumbukumbu za shauri na uwe wa uzito wa kutosha, usiwe wa kugunduliwa kwa mabishano marefu. Hapo ndipo majaji wa mashauri ya hundi wanapaswa kusimama imara zaidi kuliko katika mashauri ya ardhi au mirathi, kwa sababu hundi ni hati iliyoundwa ili ilipwe kwa kuonekana tu.

Kuna aina nyingine ya kuchelewa ambayo sheria imeielewa vizuri. Katika shauri la Fortunatus Masha dhidi ya William Shija, lililoripotiwa mwaka 1997, ilitofautishwa kati ya kuchelewa halisi na kuchelewa kwa kiufundi, yaani kule kunakotokea wakati mtu alikuwa amekata rufaa yake kwa wakati, ikaondolewa mahakamani kwa kasoro ya utaratibu, na akarudi mara moja kuomba muda wa kuileta upya. Mtu huyo alikuwa mahakamani siku zote hizo, na si sahihi kumwita mzembe. Kosa la kawaida katika hundi ni la mdaiwa aliyepewa hukumu ya muhtasari au ya upande mmoja kukata rufaa wakati alitakiwa arudi mahakama ileile kuomba hukumu itenguliwe, na kwa maoni ya mhadhara huu kosa la namna hiyo linastahili huruma mara moja, na si mara ya pili.

Umbali nao una nafasi yake katika hesabu. Mahakama Kuu ya Kanda iko Mtwara mjini, takriban kilomita 200 kutoka Masasi, na kutoka Newala barabara ya kupitia Tandahimba kwa miaka mingi ilikuwa ya vumbi, ikigeuka tope katika msimu wa mvua unaoanza karibu na Desemba na kumalizika Aprili. Hukumu inayosomwa mwanzoni mwa mvua ina siku 30 zilezile za hukumu inayosomwa Agosti. Kanuni za mwaka 2018 za kufungua mashauri kwa njia ya kielektroniki zimepunguza safari hizo, na marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 yaliyofanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama yamempa mwenye duka nafasi ya kuisoma hukumu yake bila mkalimani. Hata hivyo, kufungua rufaa kwa njia ya mtandao kunahitaji hati ipakiwe, namba ya malipo itolewe na ada ilipwe, na mtandao unapokatika kati ya hatua moja na nyingine huzuka mabishano kama rufaa ilifunguliwa siku ya kupakia au siku ya kulipa. Haki ya mtu haifai kuning'inia kwenye saa chache za mtandao, hasa pale mfumo wenyewe unapotunza kumbukumbu ya dakika ambayo hati ilipokelewa.

Katiba ya Jamhuri ya Muungano inatoa mwongozo katika ibara ya 107A, iliyoingizwa mwaka 2000, ambayo inazitaka mahakama zisicheleweshe haki bila sababu ya msingi na pia zisifungwe kupita kiasi na masharti ya kiufundi yanayoweza kukwamisha haki. Mambo hayo mawili hupingana kila ombi la kuongezewa muda linapoletwa, kwa kuwa kulikubali kunamchelewesha mwenye hundi na kulikataa kunaweza kumfungia mlango mwenye hoja ya kweli. Njia ya kuyapatanisha ipo, nayo ni masharti. Rufaa peke yake haisimamishi utekelezaji wa hukumu ya madai, na anayetaka dalali wa mahakama asitishe kukamata mali hutakiwa kuweka dhamana ya utekelezaji. Hakuna sababu ya maana ya kutolitumia wazo hilohilo hatua moja kabla, katika ombi lenyewe la muda, ili mdaiwa wa hundi ambaye hakani saini yake aongezewe siku kwa sharti la kuweka mahakamani sehemu ya deni. India ilikwenda upande huo mwaka 2018, ilipoirekebisha sheria yake ya hati za malipo na kuipa mahakama ya rufaa mamlaka ya kumwamuru aliyetiwa hatiani kwa hundi iliyodunda aweke angalau asilimia 20 ya faini au fidia. Falme za Kiarabu zilichukua njia nyingine, kwani tangu Januari 2022 hundi iliyokataliwa kwa kukosa fedha haishitakiwi tena kama jinai isipokuwa pana ulaghai, na mwenye hundi anaweza kuomba itekelezwe moja kwa moja. Mafunzo ya nchi hizo mbili yanakutana mahali pamoja: fedha itangulie, mabishano yafuate.

Sharti hilo la amana halipaswi kumgusa mfungwa. Aliyetiwa hatiani kwa jinai ya hundi na kupelekwa gerezani hutoa taarifa ya kusudio na hati yake ya rufaa kupitia mkuu wa gereza, haamui mwenyewe siku ambayo karatasi yake itatoka getini, anaweza kuhamishiwa gereza jingine kabla nakala ya hukumu haijamfikia, na Mahakama ya Rufani imewahi kutambua kwamba mtu wa namna hiyo hana udhibiti wa mambo yake kama aliye huru. Siku zake zilikuwa mikononi mwa Serikali tangu siku ya kwanza, na upande wa Jamhuri unaopinga ombi lake la kuongezewa muda ndio unaopaswa kuleta rejista ya gereza ionyeshe lini karatasi yake ilipokelewa na lini ilipelekwa mahakamani.